Honoré na Viatu vya Mlangoni

Kama uliwahi kuegesha gari Florida Road, kule Morningside, Durban, miaka ya tisini ikielekea ukingoni, huenda Honoré alikulindia gari lako na wewe hata sura yake huikumbuki. Mtu mrefu, mkavu, kizibao cha njano, hatulii mahali pamoja. Walinda magari wenzake, Wakongo kama yeye, walikuwa na vigoda vyao kwenye vibaraza vya maduka. Yeye alipewa kigoda akakigawa. Gari likiingia yuko mbele yake, likitoka yuko nyuma yake analipungia mikono kana kwamba bila yeye lingeparamia ukuta, na muda wote huo anaongea. Anaongea na wenye magari, anaongea na magari yenyewe, na magari yakiisha anaongea na nguzo ya taa. "Kimya kinaniwasha," alikuwa akisema, na hakuwa anatania.

Mdomo ule, jamani, uliwahi kumlisha. Kwao Uvira, kabla ya vita ya tisini na sita, Honoré alikuwa mfasiri kwenye chumba cha video. Filamu inatoka Hong Kong au Bombay, hakuna anayejua neno hata moja, na mfasiri mwenyewe, tuseme ukweli, mara nyingi hajui pia. Lakini anasimama kando ya televisheni na fimbo yake mkononi, anamsemea kila mtu: baba, mama, jambazi, hata farasi. Sheria ya kazi ni moja tu, usinyamaze. Ukinyamaza watu wanaanza kujiuliza kwa nini walikuja. Na chumvi ya kazi ni majina. Mchina anayeruka juu ya paa haitwi kwa jina lake la Kichina, anaitwa kwa jina la muuza mafuta ya taa aliyekaa mstari wa mbele. Bibi kizee mkali anapewa jina la mke wa mwalimu. Watu wanacheka mpaka machozi, kila mmoja anangoja zamu ya kusikia jina lake, na kesho wanarudi.

Durban alikuja na mdomo huohuo, kwa sababu mengine yote aliyaacha njiani. Kila Jumapili baada ya ibada, Marie-Claire, mwanamke wa Bukavu mwenye saluni ya nywele kule Point, upande wa bandarini, alisukuma viti ukutani, akatandika mikeka, akawasha deki ya video. Viatu vilibaki nje juu ya ngazi, maana Marie-Claire hakutaka mchanga kwenye mikeka yake, na asiyetaka kuvua aende akaangalie bahari, ni bure. Wakongo walikuja, Warundi walikuja, na Watanzania wachache. Maandazi yanazunguka, watoto wamekaa mapajani, na Honoré na fimbo yake anapiga kelele mpaka mishipa ya shingo inasimama. Pale hakuna aliyemwita mlinda magari.

Kwenye saluni ile alikuwako Joséphine, Mrundi, msusi mwenye vidole vyepesi kuliko wote. Nasema Joséphine kwa faida yako tu, maana mle ndani hakuna aliyemwita hivyo. Alikuwa Mama Anaïs, kwa binti yake aliyekuwa darasa la pili. Na mumewe, ambaye hakuna aliyewahi kumwona, alikuwa Baba Anaïs. Walikuwa wakimbizi Uvira, vita ikawakuta hukohuko. Siku ya kukimbia walikuwa barabarani wanaelekea kusini, mtoto wamemshika mkono, na mume akageuka kumrudia mama yake mzee. "Tangulieni," akasema, "nawafuata." Basi, ndiyo yote. Hakuna kaburi, hakuna habari, hakuna aliyesema amemwona. Mama Anaïs alisimulia hayo mara moja tu, huku anasuka, bila kuinua macho, na aliyekuwa anasukwa siku hiyo hakuthubutu kulalamika kwamba anavutwa nywele.

Mwaka wa tisini na nane, katikati ya baridi, filamu ziliisha. Yaani zilikuwapo, lakini zote zilishafasiriwa mpaka zikachakaa. Jambazi akifungua mlango, chumba kizima kinamtangulia: "Hii tuliona!" Honoré alihangaika wiki nzima kama kuku anayetafuta pa kutaga. Ndipo akamwendea Mahnaz, mwanamke wa Kiirani mwenye duka la mazulia pale Florida Road, ambaye gari lake dogo jeupe alikuwa akililinda kila siku.

"Mama, uko na filamu? Filamu yoyote."

Mahnaz alicheka. Alikuwa nazo, akasema, lakini ni za kaka yake. Yule kaka na rafiki zake kule Shiraz walikuwa wanaazima kamera siku za Ijumaa na kutengeneza filamu fupifupi za majaribio. "Lakini hazina hadithi, Honoré. Hakuna anayepigana, hakuna anayependana, hakuna anayesema kitu."

"Hadithi niachie mimi," Honoré akasema.

Jeuri hiyo! Mzaha mzaha hutumbua usaha, na usaha wa Honoré ulikuwa umeshaiva, unangoja kuguswa tu.

Jumapili ikafika. Mkanda wa Shiraz na deki ya Durban havikuelewana, rangi ikakataa kabisa, picha zikatoka nyeusi na nyeupe. Filamu ya kwanza ilikuwa birika linachemka. Nasema birika, nasema linachemka, na hakuna kingine. Honoré akatangaza kwamba hilo ni birika la mama mkwe anayemngoja mkwe mvivu, watu wakacheka. Mvuke ukaendelea. Akamleta shangazi, akamleta mchungaji, akamleta daktari wa mifugo; mvuke bado unaendelea. Jasho likamtoka.

Filamu ya pili ikaanza. Mlango, na mbele yake ngazi moja ya jiwe. Juu ya jiwe kuna viatu vya mwanamume, visigino vimekanyagwa, na kwenye kona ya picha kuna kitu kidogo cheusi ambacho Honoré hakuhangaika nacho. Mkono wa mwanamke unatokea, unavigeuza viatu, ncha zinatazama nje. Picha inakatika. Viatu vinatazama ndani tena. Mkono unavigeuza. Tena. Tena. Hakuna uso, hakuna neno, hakuna muziki, na mle saluni mtu akapiga mwayo wa kusikika mpaka barabarani.

Kimya kikaanza kumwasha Honoré. Akapiga fimbo ukutani. "Munaona ile viatu? Ni ya Bizimana!"

Kwa nini Bizimana? Wala hakujua. Warundi walikuwa wamekaa mbele, kwa wiki nyingi hakuwapa jina, na hilo ndilo la Kirundi lililomjia mdomoni. Alitupa macho chumbani, akaona hakuna Bizimana hata mmoja wa kukasirika. Akaendelea. "Bizimana alienda mbali, vita ilimutenganisha na bibi yake wa ndoa. Kila asubuhi bibi anageuza viatu. Kwa nini anageuza? Kwa sababu anajua! Bizimana iko njiani! Mama, usichoke, Bizimana anakuja!"

Mvua ikaanza kunyesha kwenye picha. Mkono ukatoka haraka, ukavichukua viatu, ukaonekana mlangoni ukivifuta, kisha mlango ukafungwa. "Amefika!" Honoré akaruka juu. "Viatu imeingia ndani! Bizimana amefika kwake!" Makofi, vigelegele, Marie-Claire akawasha taa, sahani ya maandazi ikaanza kuzunguka, na televisheni ikabaki inanyesha mvua yake peke yake bila mtu wa kuitazama.

Ila Mama Anaïs hakupiga makofi. Alikuwa amesimama, mkono mdomoni.

"Nani alikuambia jina lake?"

"Jina ya nani, Mama Anaïs?" Honoré bado alikuwa anacheka.

"Ya mume wangu."

Kicheko kikamkauka. Mke wa kwetu hapiti mitaani akitangaza jina la mumewe kama muuza dagaa. Mume akishapata mtoto anaitwa kwa mtoto, na jina lake la zamani linabaki kwa mama yake na kwenye karatasi. Marie-Claire mwenyewe, aliyewahi kulala chumba kimoja na Mama Anaïs mwaka mzima, hakulijua. Na sasa mlinda magari aliyemfahamu mwanamke huyu Durban tu, ambaye hajawahi hata kumwamkia mumewe, amelitamka mbele ya watu na kusema yuko njiani.

Mama Anaïs alimchukua mtoto wake, akatoka bila maandazi.

Katikati ya wiki Marie-Claire alipanda Morningside mwenyewe, mwanamke mnene asiyependa milima, akamkuta Honoré anaongea na gari la watu. Hakusalimia.

"Amenunua tikiti."

"Nani?"

"Usiniulize nani! Mama Anaïs. Basi la Jumanne ijayo. Johannesburg, Lusaka, Mpulungu, halafu meli ya ziwa mpaka Uvira. Anamufuata bwana yake. Mtoto ananiachia mimi." Akashika kiuno, anahema. "Wewe umemufunga huyu mwanamke safari kwa mdomo. Sasa umufungue."

Honoré alijua Uvira ya mwaka ule ilikuwaje. Wote walijua. Barabara zilikuwa na vizuizi, na Mrundi asiye na mtu wa kumsemea angeweza kupotea kati ya kizuizi kimoja na kingine, asiulizwe na mtu. Alilizunguka lile gari la watu mara mbili. "Kama atakufa kule, ni mimi nimemuua," akasema. "Na mtoto nimemufanya yatima." Marie-Claire akageuka, akaanza kuteremka mlima.

Siku hiyohiyo, kizibao kikiwa bado mwilini, alishuka Point. Mama Anaïs alikuwa anamsuka mteja, vidole vinakwenda.

"Mama Anaïs, nisamehe. Ile jina nilitoa tu mu kichwa. Ni mchezo! Uvira tulifanya vile kila siku. Ningeweza kusema Gustave, ningeweza kusema Anicet."

"Lakini hukusema Gustave."

"Ilikuwa bahati tu!"

"Honoré." Vidole havikusimama. "Punda wa Balaamu alijua anachosema?"

"Aka! Sasa mimi ni punda?"

"Punda hakuwa na kosa. Mungu alitaka mdomo, akachukua uliokuwa karibu." Akafunga fundo la uzi, akaanza msuko mwingine. "Miaka miwili sasa naomba alama. Nimefunga, nimekesha. Alama imekuja, niikatae kwa sababu imepita kwako?"

Mteja akacheka chinichini, na Honoré akatoka akiwa amefedheheka, ameshindwa kwa Biblia. Ulimi hauna mfupa, wazee walisema, lakini unavunja mifupa. Usiku hakulala. Kulipokucha alikuwa ameshafika Florida Road kabla ya wafagiaji, anatembea mbele ya duka la mazulia, kwenda na kurudi, mpaka Mahnaz akaja na funguo zake.

"Mama, ile filamu ya viatu. Maana yake nini?"

Walikuwa wanasemezana Kiingereza, kila mmoja na cha kwao. Mahnaz aliinua chuma cha dirisha, akawasha taa, ndipo akajibu. "Kwetu mgeni akija, mwenye nyumba anavigeuza viatu vyake vitazame nje. Ili akiondoka asipate taabu, anaingiza miguu na kwenda. Ni heshima."

Honoré nusura amkumbatie. "Kwa hiyo mtu anaondoka! Harudi, anaondoka!"

"Sikusema hivyo. Nimekueleza mambo ya viatu kwetu. Maana ya filamu siijui."

"Si ni ya kaka yako?"

"Nilimuuliza kwa simu. Akaniuliza mimi, wewe uliona nini? Nikamwambia nimemwona mama, siku niliyomuaga. Rafiki yake aliona ndoa yake iliyovunjika. Mwingine aliona viatu tu, akasema wanapoteza mkanda. Kaka akasema wote sawa. Nilikasirika kama unavyokasirika wewe sasa."

"Mama, mimi nataka maana moja! Yenye muhuri! Iko mtu anapanda basi kwa sababu ya hii kitu!"

Mahnaz akamwangalia vizuri, akaacha kutabasamu. "Mliitazama mpaka mwisho?"

"Mpaka viatu vikaingia ndani."

"Huo si mwisho. Kaka yangu alisimama mvuani na kamera ya kuazima, wenzake wanapiga kelele kwamba itaharibika, akakataa kuizima. Itazameni mpaka mwisho."

Lakini Honoré alikuwa ameshashika kile alichokitaka, na mtu wa namna ile akishika kitu anakimbia nacho. Alimwachia mwenzake magari, akadandia teksi ya abiria, na teksi ilipoishia Warwick Junction, kwenye ule umati wa soko na stendi, akamwona Mama Anaïs kabla hata hajaanza kumtafuta. Alikuwa mbele ya meza ya nguo. Ameshika shati la kiume, jipya, la mistari, amelinyoosha mbele yake, anapima mabega kwa kukumbuka.

Honoré akaanza kusema akiwa bado anavuka barabara. Roboti, zile taa za barabarani, ilikuwa nyekundu, magari yanampigia honi, yeye anasema. Kwamba ameuliza wenyewe. Kwamba kule kwao viatu vikigeuzwa kutazama nje maana yake mtu anaondoka. Kwamba hakuna anayerudi kwenye ile filamu, yeye Honoré alikosea, filamu yenyewe inasema kinyume, mtu ameaga, ameondoka, amekwenda!

Mama Anaïs alilishusha shati taratibu.

"Kwa hiyo unaniambia amekufa."

Eish, Honoré! Hilo hakuwa amelifikiria. Alikimbia mji mzima na habari yake njema, kumbe alikuwa amebeba msiba. "Hapana! Mama, hapana, sikusema..."

"Jumapili uliniambia yuko njiani. Leo unaniambia ameondoka. Kesho utaniambia nini?" Macho yalikuwa yamemjaa maji, lakini sauti ilikuwa kavu. "Wewe hujui kitu. Mungu akikutumia, sawa. Lakini wewe mwenyewe hujui kitu, na hunyamazi. Nyamaza, Honoré! Nyamaza hata mara moja!"

Muuza nguo akauliza kwa Kizulu kama shati linachukuliwa. Mama Anaïs akalikunja, akalipa. Honoré alisimama pale kati ya wapagazi na wauza dawa za miti, na kwa kweli alitamani kulia. Ndipo maneno ya Mahnaz yakamrudia, yale aliyoyakimbia.

"Mama Anaïs. Ile siku hatukuangalia mpaka mwisho. Ni mimi nilipiga kelele. Jumapili njoo, tuangalie yote. Sitafungua mdomo."

"Wewe?"

"Mimi. Halafu Jumanne, kama unapanda basi, mimi mwenyewe nitabeba mizigo."

Mama Anaïs akalitia shati kwenye mfuko, akaondoka. Lakini Jumapili, baada ya ibada, viatu vyake vilikuwa kwenye ngazi pamoja na vya wengine, na vya Anaïs kando yake.

Marie-Claire hakuamini ahadi za mdomo. Alimkalisha Honoré nyuma kabisa, kwenye kiti cha kukaushia nywele, akamshushia lile kofia kubwa la mashine mpaka masikioni, akampa taulo. "Ukisikia neno linakuja, ng'ata." Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Papy, kijana wa duka la simu aliyekuwa hakosi Jumapili hata moja, akalalamika. "Sasa kama Honoré hasemi, tutaona nini?"

"Tumia macho," Marie-Claire akamwambia. "Mungu alikupa mawili, na mdomo mmoja."

Birika likachemka mpaka likaisha. Halafu mlango, na ngazi ya jiwe, na viatu.

Mwanzoni ilikuwa mateso. Watu walikohoa, wakajigeuza, wakasikia friji inavyonguruma, wakasikia meli inapiga honi bandarini. Honoré chini ya kofia lake alikuwa na majina sita mdomoni, saba, yanagombania kutoka. Aling'ata taulo.

Kisha, sijui ni wakati gani, watu wakaacha kukohoa.

"Ule mkono uko na kovu," mwanamke mmoja akanong'ona. "Ya kuungua."

"Ni mama wa jikoni," akajibu mwingine.

"Lakini viatu nani anavirudisha ndani?" Papy akauliza. "Yeye anageuza nje, tunaangalia, tayari vimegeuka ndani. Nani?" Siku ile ya kelele hakuna hata aliyeliona swali.

Mvua ikaanza. Mkono ukatoka, ukavichukua viatu vya mwanamume, ukavifuta mlangoni kwa upindo wa nguo, taratibu, kimoja, halafu cha pili. Mlango ukafungwa. Safari hii hakuna aliyewasha taa. Mvua ikanyesha juu ya jiwe tupu.

Lakini jiwe halikuwa tupu. Kile kitu kidogo cheusi cha kwenye kona kilikuwa bado kipo, na sasa viatu vikubwa vilipokwisha kuondolewa jicho halikuwa na pengine pa kwenda. Kilikuwa jozi ya viatu vya mtoto. Vilikuwapo tangu mwanzo, kila mara, kando ya vile vikubwa, na hakuna mkono uliowahi kuvigusa. Mvua iliingia ndani yake. Vikajaa. Maji yakaanza kumwagika pembeni, kamera haiondoki, mlango haufunguki, na mkanda ukaisha hivyohivyo.

"Marie-Claire," Mama Anaïs akasema, "rudisha nyuma kidogo."

Marie-Claire akarudisha. Mlango ukafungwa mara ya pili, mvua ikanyesha mara ya pili. Mama Anaïs alikuwa ameinama mbele, karibu aguse kioo.

"Vile vidogo ni vya nani?"

Hakumuuliza mtu, lakini ni desturi, na vichwa vyote vikageuka nyuma kumtazama mfasiri. Honoré akatoa taulo mdomoni. Jina lilikuwapo, haki ya Mungu, lilikuwa limeshakaa kwenye ncha ya ulimi, jina la mtoto aliyekuwa amelala pale mapajani mwa mama yake. Akilisema, tikiti imekufa. Angelisema na wote wangepiga makofi, na Marie-Claire angembusu. Alifungua mdomo. Kisha akamwona yule mwanamke, shingo yake imesogea mbele, anatafuta mwenyewe.

"Sijui, Mama Anaïs," akasema. "Mimi sijui."

Kwenye maisha yake yote, mbele ya televisheni, hakuwahi kulitamka neno hilo. Akarudisha taulo mdomoni, na machozi yakawa yanamtoka chini ya kofia la mashine, na safari hii hata Papy hakucheka.

Mama Anaïs aligusa kioo kwa kidole. "Vya baba amevichukua," hatimaye akasema, kwa sauti ya chini, kama anayehesabu nyuzi za nywele. "Amevifuta, ameviweka pakavu. Baba hayuko hata mlangoni. Vya mtoto aliye ndani ya nyumba yake amevisahau mvuani." Akamvuta Anaïs kifuani, mtoto akalalamika kwamba anabanwa, naye hakumwachia.

Watu waliondoka bila kelele. Mmoja alisema ameona mama mchawi, mwingine akasema mtoto alikuwa amekufa na mama anaogopa kuvigusa, wakabishana mpaka chini barabarani. Honoré alitoka mwisho. Mama Anaïs alikuwa amepiga magoti kwenye ngazi, anamfungia Anaïs kamba za viatu.

Honoré alisimama. Miguu ilimtuma kushuka, mdomo ulimtuma kuuliza, vyote viwili akavizuia.

"Tikiti nitamuuzia mtu mwingine," Mama Anaïs akasema bila kuinua macho.

Akaitikia kwa kichwa.

"Na usiende kusema nimekubali amekufa. Sijakubali." Akavuta kamba, akafunga fundo, akafunga la pili juu yake. "Shati liko kwenye sanduku. Nitamngoja hapahapa, mahali mtoto iko. Akija, atukute wote wawili."

Akamshika Anaïs mkono, wakashuka ngazi.